Mcheza Kwao: Rashidi Kawawa katika Sinema za Tanganyika na Sura ya Mtu wa Shamba

Wahenga wamenena kwamba mcheza kwao hutunzwa. Methali hii husikika mno katika ngoma na arusi, bali katika historia ya sinema za Tanganyika haisikiki kabisa, na huko ndiko ingefaa kuulizwa kwa makini. Katika mwaka wa 1952 kijana mmoja aliyepata elimu yake Tabora alisimama mbele ya kamera, akavaa tabia ya mtu wa shamba asiyezijua hila za mji, na watazamaji wakamcheka kwa furaha. Picha hiyo iliitwa Muhogo Mchungu. Haikupita miaka kumi na mmoja, na tarehe 22 Januari 1962 kijana yule yule akashika cheo cha Waziri Mkuu wa Tanganyika. Jina lake ni Rashidi Mfaume Kawawa. Historia imemtunza Kawawa kiongozi wa wafanyakazi, ikamtunza Kawawa waziri na makamu wa rais, hata ikampa lakabu ya Simba wa Vita. Kawawa mchezaji wa sinema hutajwa kwa sentensi moja, kisha msomaji hupelekwa upesi kwenye mambo yanayodhaniwa kuwa makubwa.

Haraka hiyo ina hasara. Kazi ya mchezaji, hata ikiwa fupi, ni kushika sura ya mtu mwingine na kuionyesha mbele ya kadamnasi. Sura aliyoishika Kawawa ilikuwa ya mshamba, yaani mtu wa bara au wa kijijini anayefika mjini na kudanganywa. Sura hiyo haikuzaliwa katika mwaka wa 1952, wala haikufa pale picha ilipokwisha kuonyeshwa. Ili kuifahamu hapana budi kuanza na nchi ambayo watu wake walikwenda pwani kwa miguu kabla ya kuwako sinema, reli wala serikali ya kikoloni, nayo ni nchi ya Unyamwezi, na hasa Urambo.

Katika karne ya 19 njia kuu ya misafara ilianza Bagamoyo, ikapita Ugogo, ikafika Unyanyembe penye mji wa Tabora, na kutoka hapo ikaendelea magharibi hadi Ujiji kwenye ziwa Tanganyika. Toka pwani hadi Tabora ni zaidi ya maili 500, nayo ilikuwa kazi ya miezi mitatu hivi kwa msafara wenye mizigo. Mpagazi alichukua ratili 60 au 70 begani au kichwani, mbali na chungu chake, mkeka wake na silaha yake. Pembe za ndovu zilishuka pwani, nguo na shanga na bunduki zikapanda bara. Wapagazi wengi katika kazi hiyo walikuwa Wanyamwezi, nao hawakuingojea ifunguliwe na wageni. Walikuwa wakiifanya kwa ajili ya biashara yao wenyewe kabla wageni hawajaifahamu njia.

Yafaa kuitazama tabia ya kazi ile, kwa sababu inapinga picha ya mshamba asiyejua kitu. Mpagazi alipatana ujira wake kabla ya kuondoka. Alikuwa na kirangozi wake aliyetangulia mbele, na alikuwa na desturi zake juu ya mwendo wa siku, mapumziko na posho. Posho ilipopunguzwa au mzigo ulipozidi kiasi, wapagazi waliiweka mizigo chini wakakataa kwenda, na tajiri wa msafara, awe Mwarabu, Mswahili au Mzungu, alilazimika kusema nao. Vitabu vya wasafiri wa Kizungu vimejaa manung'uniko juu ya mambo hayo, na waandishi wake waliyaita ukaidi na uvivu. Msomaji wa leo atayaita kwa jina lake, yaani mgomo.

Tena, kwa vijana wa Unyamwezi safari ya pwani ilikuwa kipimo cha utu uzima. Richard Burton, aliyefika Tabora, au Kaze kama alivyouita mji ule, katika mwaka wa 1857, aliandika kwamba kazi ya upagazi ilihesabiwa kuwa alama ya uanaume. Aliyekwenda akarudi alikuwa na la kusimulia barazani. Asiyekwenda ndiye aliyechekwa. Basi katika Unyamwezi wa wakati ule mshamba wa kuchekesha alikuwa yule aliyebaki nyumbani, na msafiri alikuwa mwerevu.

Urambo wenyewe ulisimama juu ya ujuzi huo wa njia. Mtemi Mirambo aliunganisha nchi nyingi ndogo ndogo za magharibi ya Tabora, akiwatumia askari wake waitwao rugaruga, na akajifunza mbinu za vita kutoka kwa Wangoni waliokuwa wamefika upande ule. Toka mwaka wa 1871 hadi 1875 alipigana na Waarabu wa Unyanyembe, na vita hivyo vilizuia biashara ya pembe na kuwashtua wafanyabiashara hata Unguja. Henry Morton Stanley, ambaye katika mwaka wa 1871 alipigana upande wa Waarabu, alikutana na Mirambo katika mwaka wa 1876 wakachanjana udugu. Mirambo alifariki mwaka wa 1884, na dola lake halikudumu baada yake. Lakini jambo moja halina shaka: Zanzibar na Ulaya zililazimika kumhesabu mtu huyu wa bara aliyekaa mbali na bahari, na wala haikumpata akili ya kucheka yeyote aliyepaswa kumlipa hongo.

Je, ni lini basi msafiri wa bara alipogeuzwa kuwa mtu wa kuchekwa? Jibu halipatikani katika tabia yake, bali katika mabadiliko ya njia. Reli iliyojengwa na Wajerumani ilifika Tabora mwaka wa 1912 na Kigoma mwaka wa 1914. Msafara ukafa, na pamoja nao ikafa nafasi ya mpagazi kupatana. Msafiri sasa alikata tikiti, au alikatiwa na mwandikishaji wa kazi. Mashamba ya mkonge ya Tanga na Morogoro yalihitaji vibarua, nao walitafutwa katika mikoa ya mbali, magharibi ikiwamo. Walioandikishwa waliitwa manamba, kwa sababu kila mmoja alijulikana kwa namba yake. Katika mwaka wa 1944 wenye mashamba ya mkonge wakaunda chombo chao cha kuandikisha vibarua, kikaitwa SILABU. Mpagazi alikwenda pwani akiwa na jina na kirangozi. Manamba alikwenda akiwa na karatasi. Huko mjini alikutana na watu waliokwisha kuzoea saa, mshahara wa mwezi, polisi na kodi ya nyumba, nao wakamwona mjinga kwa kuwa hakuyajua hayo. Hivyo ndivyo neno mshamba lilivyopata ukali wake.

Kisha ikaja karanga. Mara baada ya Vita Kuu ya Pili serikali ya Uingereza, ikiwa na uhaba wa mafuta ya kupikia, iliazimia kulima karanga katika Tanganyika kwenye eneo la zaidi ya ekari milioni 3. Kazi ilianza Kongwa mwaka wa 1947, na mahali pengine palipochaguliwa palikuwa Nachingwea katika jimbo la Kusini na Urambo katika jimbo la Magharibi. Matrekta na mabuldoza yaliletwa, mengine yakiwa yametengenezwa kwa vifaru vya vita. Mvua ya Kongwa ilikuwa haba, udongo wake ukakauka ukawa kama saruji, mizizi ya miti ikavunja majembe ya mashine. Mnamo Januari 1951 mpango wote ulikatwa katika hesabu za serikali, ukiwa umepoteza pauni milioni 36 hivi. Katika Urambo yalibaki mashamba yaliyokwisha kufyekwa, na hatimaye tumbaku ikachukua nafasi ya karanga. Mpango huu ulitungwa na mabingwa waliozipita nchi hizo kwa wiki chache, na wakulima waliozijua mvua na udongo wa nchi yao hawakuulizwa. Kama palikuwa na mtu aliyedanganyika kwa kutojua mambo ya mahali alipokwenda, alikuwa bingwa aliyetoka mjini London akaenda shamba.

Hayo yakiisha kusemwa, twende kwenye sinema. Serikali za kikoloni na wamisionari walikuwa wamekwisha kuona kwamba picha zaweza kufundisha. Kati ya miaka ya 1935 na 1937 palifanywa jaribio huko Vugiri, katika milima ya Usambara, likiongozwa na L. A. Notcutt na G. C. Latham, kwa msaada wa Baraza la Kimataifa la Wamisionari na fedha za Carnegie kutoka Marekani. Walitengeneza picha zipatazo 35 na kuzizungusha kwa lori katika nchi za Afrika ya Mashariki na Kati. Wachezaji walikuwa Waafrika wa hapo hapo. Mojawapo ya picha za kwanza ilihusu benki ya akiba ya posta: mtu mmoja anaficha fedha zake zinaibwa, mwingine anaziweka benki zinasalimika. Muundo huu wa mjinga na mwerevu ukawa kama kalibu. Idara ya sinema za makoloni, iliyoanzishwa London mwaka wa 1939, iliushika kwa nguvu, hata katika picha zilizokusudiwa watu wazima pekee. Mwaka wa 1944 ilitolewa picha juu ya magonjwa ya zinaa yenye watu wawili waendao mjini, mmoja jina lake Bwana Busara na wa pili Bwana Mpumbavu, ili mtazamaji asisumbuke kukisia nani amfuate.

Mabwana wa idara ile walikuwa na nadharia kwamba Mwafrika hawezi kuifuata picha iendayo kwa haraka, wala picha yenye kuruka toka mahali hata mahali. Walipenda kusimulia kisa cha watazamaji walioonyeshwa mbu aliyekuzwa, wakasema kwao hakuna mbu wakubwa namna ile, kwa hiyo hawana haja ya kuogopa malaria. Kisa hiki kilizunguka nchi nyingi, kila mara kikidaiwa kutukia mahali papya, na wataalamu wa siku hizi wamekionyesha kuwa ni ngano ya wasimulizi kuliko habari ya watazamaji. Lakini ngano nayo hufanya kazi. Mshamba alikuwa ndani ya picha akichekwa, na tena alikuwa mbele ya picha akihesabiwa kuwa hajui kutazama.

Ndani ya hali hiyo ndimo alimoingia Rashidi Kawawa. Alizaliwa wilaya ya Songea katika miaka ya 1920, mwana wa Mfaume Kawawa. Alisoma Liwale, akasoma Dar es Salaam, kisha akapelekwa Tabora. Shule ya serikali ya Tabora ilikuwa imeanzishwa na Waingereza katika miaka ya 1920, kwanza kwa ajili ya wana wa watemi na machifu, ikafuata taratibu za shule za mabwana wa Uingereza. Julius Nyerere alipita pale kati ya mwaka wa 1937 na 1942. Kijana wa Songea aliyefika Tabora alikuwa amekwisha kuvuka nchi nzima, kutoka kusini hadi pwani na kutoka pwani hadi magharibi, akifuata kwa garimoshi njia waliyoikanyaga wapagazi. Alipomaliza masomo alipata nafasi ya kwenda Makerere, akaiacha ili afanye kazi na kumsaidia baba yake kuwasomesha wadogo zake. Akawa karani wa serikali, kisha akaingia katika kazi ya ustawi wa jamii, ambamo elimu ya watu wazima na sinema vilikwenda pamoja.

Mwanzoni mwa miaka ya 1950 serikali ya Tanganyika ilifanya jaribio jingine la sinema, safari hii kwa kushirikiana na kampuni ya African Film Productions ya Johannesburg. Jaribio hili lilitofautiana na yale ya kwanza kwa kuwa lilitaka hadithi, tena hadithi za kufurahisha, zenye watu wasemao Kiswahili. Kawawa akawa mchezaji wake mashuhuri. Pamoja na Muhogo Mchungu zikatoka picha kama Chalo Amerudi, Meli Inakwenda na Wageni Wema. Hata mtu asiyeziona picha hizo aweza kujifunza kitu kwa majina yake tu. Moja yasema kuondoka, moja yasema kurudi, moja yasema kupokewa. Ni majina ya watu walio njiani. Tanganyika ya wakati ule ilikuwa nchi ya watu walio njiani, na watungaji wa picha waliliona jambo hilo hata kama hawakulipima kwa mizani iliyo sawa.

Muhogo Mchungu ilikuwa na kisa cha mtu wa shamba anayefika mjini, akanaswa na hila za watu wa huko. Kisa hiki hakikuwa kigeni kwa watazamaji. Katika shule na majumba ya starehe ya wakati ule palikuwapo vichekesho, michezo mifupi isiyoandikwa, iliyotungwa kwa mdomo na wachezaji wenyewe, na mshamba alikuwa miongoni mwa watu wake wa kudumu. Kwa hiyo mchezaji wa Kiafrika hakupokea sura tupu kutoka kwa kampuni ya Johannesburg. Alipokea sura ambayo wenzake walikwisha kuichezea, wakaijua mwendo wake na kigugumizi chake. Hapo pana tofauti ambayo mhakiki hapaswi kuifumbia macho. Vichekesho vya wenyeji vilimcheka mshamba lakini pia vilimcheka mjanja wa mji, karani mwenye majivuno na mzee mwenye tamaa. Picha ya serikali ilikuwa na sababu ya kumpa mshamba sehemu kubwa zaidi ya kicheko, kwani yeye ndiye aliyetakiwa kubadilika.

Jina lenyewe la picha lastahili kuangaliwa. Muhogo mchungu ni chakula ambacho serikali ya kikoloni iliwalazimisha watu walime kwa kujikinga na njaa. Katika magharibi ya Tanganyika watu waujua vizuri. Hauliwi mbichi, maana una sumu. Sharti uloweshwe, uvundikwe, uanikwe, upate kuwa makopa au udaga, kisha usagwe unga. Mtu wa shamba hula muhogo mchungu mwaka mzima asidhurike. Adhurikaye ni mgeni anayeung'oa na kuutafuna akidhani muhogo ni muhogo. Jina lililotolewa ili kuchekesha laweza basi kusomwa kinyume. Lasema juu ya kitu kinachoonekana duni, ambacho ujuzi wa kukitumia uko kwa wale wanaodharauliwa.

Mchezaji hakubaki muda mrefu katika uchezaji. Katika mwaka wa 1953, hali ya hatari ikiwa imetangazwa Kenya, Kawawa alipelekwa kufanya kazi ya ustawi miongoni mwa Wakikuyu waliozuiliwa katika kambi ya Bihawana karibu na Dodoma. Mwaka ule ule watumishi wa serikali walikatazwa kuwa wanachama wa vyama vya siasa. Mlango wa siasa ukiwa umefungwa, mlango wa vyama vya wafanyakazi ulikuwa wazi, na Kawawa aliyekwisha kuwa kiongozi katika chama cha watumishi Waafrika wa serikali akaupita. Shirikisho la vyama vya wafanyakazi wa Tanganyika lilipoundwa mwaka wa 1955, alichaguliwa kuwa Katibu Mkuu wake, na mwaka uliofuata akaacha kazi ya serikali.

Hapa njia ya mchezaji na njia ya wapagazi zilikutana. Shirikisho lilikusanya makuli, wafanyakazi wa reli, watumishi wa majumbani na vibarua wa mashamba, yaani wale wale washamba waliofika mjini. Mgomo wa makuli wa Dar es Salaam wa mwaka wa 1947 ulikuwa umekwisha kuonyesha kwamba watu hawa waweza kuweka mizigo chini, kama walivyoiweka babu zao, na mgomo ule ulienea kwa kuifuata reli hadi bara. Kawawa sasa alisema kwa niaba yao. Katika sinema alikuwa amewaazima watu hawa kutojua kwao. Katika shirikisho ilimbidi ajifunze wanachokijua, yaani bei ya unga, urefu wa zamu na hesabu ya mshahara. Tabora nayo ilipata nafasi yake katika safari ya Uhuru, maana ndipo TANU ilipokutana Januari 1958 na kuamua kuingia katika uchaguzi wa kura tatu, uamuzi ambao baadaye uliitwa wa busara.

Uhuru ulipatikana tarehe 9 Desemba 1961. Wiki sita baadaye Nyerere alijiuzulu uwaziri mkuu ili akijenge chama, na Kawawa akaushika. Chini ya serikali yake, katika mwaka wa 1962, ilipitishwa sheria ya kusuluhisha migogoro ya kazi, ambayo kwa vitendo iliifanya migomo kuwa karibu haiwezekani, na mwaka huo huo ikapitishwa sheria ya kumzuia mtu bila ya kumshitaki mahakamani. Wapo waliosema kwamba dola changa halina budi kujilinda, na wapo waliosema kwamba mwana wa vyama vya wafanyakazi alikuwa amewafunga mikono wafanyakazi. Kwa historia ya mpagazi, jambo hili ni zito kuliko mabishano ya vyama. Haki ya kuweka mzigo chini, iliyostahimili Waarabu na Wazungu katika njia ya Urambo, iliondolewa na serikali ya wananchi.

Si hilo tu. Kawawa alikuwa Waziri Mkuu kwa mara ya pili kutoka 1972 hadi 1977, na miaka hiyo ndiyo ya operesheni za vijiji. Mnamo Novemba 1973 Nyerere alitangaza kwamba kuishi vijijini ni amri. Mamilioni ya wakulima walihamishwa, na katika mkoa wa Tabora kama kwingineko watu waliacha makao waliyoyachagua wakaenda kujenga palipopangwa. Katika mwaka wa 1976 ikafuata kampeni ya kuwaondoa mijini wale waliohesabiwa kuwa hawana kazi, ili warudi mashambani wakalime. Mtu aliyecheza mshamba aliyepotea mjini akawa msimamizi wa serikali iliyomrudisha mshamba shamba.

Ingekuwa dhuluma kusema kwamba picha ya mwaka wa 1952 ndiyo iliyozaa operesheni za miaka ya 1970. Kawawa alitekeleza siasa ya chama chake, na siasa hiyo ilikuwa na nia njema ndani yake: shule, zahanati na maji kwa wote. Lakini fikira zina ukoo wao. Kampuni ya filamu ya taifa, iliyoundwa mwaka wa 1968, ilitoa katika miaka ya 1970 picha iitwayo Fimbo ya Mnyonge, na kisa chake ni cha kijana anayetoka kijijini, akaenda mjini kutafuta maisha, akakosa, akaona njia njema katika kijiji cha ujamaa. Serikali ilikuwa imebadilika, bendera imebadilika, na mafunzo ya picha yamebadilika, kwani sasa uovu ulikuwa ubepari. Mshamba wa katikati ya picha alibaki pale pale: mtu ambaye hatimaye lazima aambiwe mahali pa kukaa. Wakoloni walimtaka asidanganyike mjini. Viongozi wa Uhuru walimtaka arudi kijijini. Hakuna aliyemwuliza kwa nini aliondoka.

Historia ya dunia inao wachezaji wengine waliopanda vyeo vya siasa. M. G. Ramachandran alikuwa nyota wa sinema za Kitamil kabla ya kuwa waziri mkuu wa jimbo la Tamil Nadu mwaka wa 1977, na Ronald Reagan aliingia urais wa Marekani mwaka wa 1981. Watu hao wawili walivishwa madaraka na sifa za picha zao. Ramachandran hasa alikuwa amecheza mara nyingi mtetezi wa maskini, na wapiga kura walimchagua yule waliyemwona. Kwa Kawawa mambo yalikuwa kinyume. Alicheza mtu dhaifu, si shujaa, na alipopanda hakuna aliyemkumbusha sura ile. Heshima ya dola ilikuwa na aibu na kicheko, na kwa hiyo picha zake zikaachwa nyuma, kama nguo za ujanani ambazo mzee hataki zitolewe sandukuni mbele ya wageni.

Kawawa alifariki tarehe 31 Desemba 2009, akazikwa kwa heshima zote za taifa. Alisifiwa kwa unyofu wa maisha yake, kwa kutojilimbikizia mali na kwa utii wake kwa nchi, na sifa hizo ni za haki. Kumrudishia sifa ya mchezaji hakuzipunguzi. Kwatukumbusha kwamba kiongozi huyu alianza kuonekana na watu wengi akiwa katika umbo la mtu mdogo kuliko wote, na kwamba alilijua umbo hilo kwa mwili wake, katika mwendo na sauti, kabla ya kulijua kwa mafaili ya serikali.

Leo msafiri akishuka garimoshi Urambo ataona tumbaku pale palipofyekwa kwa ajili ya karanga, na muhogo ukiwa umeanikwa uani. Vijana wa huko wangali wanakwenda Dar es Salaam, nao huko wangali wanaitwa washamba, na neno hilo lingali linawachekesha watu waliofika mjini mwaka mmoja tu kabla yao. Mababu zao waliliendea soko la dunia kwa miguu, wakapatana bei ya mabega yao, wakarudi nyumbani kusimulia. Mcheza kwao hutunzwa, walisema wahenga. Kumtunza Kawawa mchezaji ni kumtunza pia yule aliyechezwa, na zawadi imfaayo ni kuulizwa habari za njia aliyopita kabla ya kuonyeshwa mahali pa kwenda.